Bei ya Shamba Si Ile Iliyoandikwa Kwenye Barua

Mwulize mkulima ye yote wa skimu ya makazi: "Ploti yako ilikugharimu shilingi ngapi?" Atakujibu upesi. Atakutajia hesabu iliyoandikwa kwenye barua ya kupewa ploti, na pengine ataingia ndani akuletee barua yenyewe, imekunjwa vizuri na kufungwa kwa nailoni isiingie maji. Lakini hesabu ile si bei ya shamba. Ni kiasi cha mkopo tu. Bei ya shamba ni jumla ya pesa zote zitakazotoka mfukoni mwake tangu siku ya kwanza mpaka siku ya mwisho, na jumla hiyo ni wachache sana walioiona imeandikwa mahali po pote.

Leo nataka tuiandike. Kuna hesabu nyingi katika makala hii, na najua wako wasomaji ambao wakiona hesabu huruka wakaenda kusoma habari za ng'ombe. Nawaomba msiruke. Chukua penseli, mwite mama wa nyumbani, mwite na yule mtoto aliye shuleni, mfanye hesabu hii pamoja mezani.

Kwanza tukumbuke mkopo wenyewe ulivyokuwa. Mpango mkubwa wa makazi, ule wa Ekari Milioni Moja, ulianza mwaka wa 1962. Mashamba ya walowezi wa Kizungu yalinunuliwa, yakapimwa na kukatwa ploti, na familia zaidi ya 30,000 zikapata mahali pa kukaa: Kinangop, Ol Kalou, Sotik, Lugari, Muhoroni, vilima vya Mua na kwingineko. Walowezi walilipwa pesa zao. Sehemu ya pesa hizo ilikuwa msaada kutoka Uingereza, lakini sehemu nyingine ilikuwa mkopo, na mkopo huo ulitwikwa mkulima mpya. Masharti yake yalikuwa haya: mkopo wa ardhi ulipwe kwa miaka 30, riba iwe 6½ kwa mia kila mwaka, na malipo yafanywe kila nusu mwaka. Juu yake kulikuwa na mkopo wa maendeleo, ndio wa ng'ombe, waya, mbegu na mengineyo, ambao ulikuwa wa miaka 10 kwa riba ile ile. Mwenye kudai alikuwa Wadhamini wa Mfuko wa Makazi. Baadaye Sheria ya Ardhi ya mwaka wa 2012 iliunda Mfuko mpya wa Makazi ya Ardhi.

Skimu zilizofuata zilikuwa na masharti yake. Mimi nachukua haya ya 1962 kwa sababu wengi wenu mmerithi mashamba yaliyoanza nayo, na kwa sababu deni lo lote la kulipwa kidogo kidogo, liwe la ardhi, la nyumba au la trekta, huhesabiwa kwa njia hiyo hiyo.

Tuseme mkulima amekopeshwa Sh. 10,000 za ardhi. Nimechagua kiasi hiki kwa sababu ni rahisi kugawa. Aliyekopa 5,000 akate nusu, aliyekopa 4,000 azidishe kwa nne na kugawa kwa kumi. Kwa miaka 30 atalipa mara 60, na kila mara atalipa Sh. 380/90, yaani shilingi 380 na senti 90. Kwa macho hiyo si pesa nyingi kwa deni la elfu kumi. Ndiyo sababu watu walitia sahihi bila kuuliza. Sasa zidisha 380/90 kwa 60. Utapata Sh. 22,854.

Hiyo ndiyo bei ya shamba. Elfu kumi ni za ardhi, na elfu kumi na mbili, mia nane na hamsini na nne ni kodi ya kutumia pesa za watu kwa miaka thelathini. Mtu akisikia "sita na nusu kwa mia" hufikiri kwamba kwa kila shilingi 100 alizokopa atarudisha 106 na nusu. Hivyo ndivyo ingekuwa kama angerudisha zote baada ya mwaka mmoja. Kwa miaka 30, kwa kila shilingi 100 atarudisha Sh. 228/54.

Sasa tutazame jinsi deni linavyoliwa, kwa maana hapo ndipo penye siri ya jambo lenyewe. Kila nusu mwaka unapoleta Sh. 380/90, karani hafanyi kama unavyofikiri. Haandiki kwamba deni limepungua kwa 380/90. Kwanza anatazama deni lililobaki, anapiga hesabu ya riba yake ya miezi sita, na riba hiyo anaitoa katika pesa ulizoleta. Riba hula kwanza, na deni hupewa makombo. Katika malipo ya kwanza kabisa, riba ya Sh. 10,000 kwa miezi sita ni Sh. 325. Kwa hivyo katika zile 380/90 ulizoleta, deni limepungua kwa Sh. 55/90 tu. Ukimaliza mwaka mzima umelipa Sh. 761/80, na deni limeshuka kutoka 10,000 mpaka 9,886 na senti kidogo. Umeuza maziwa mwaka mzima na umenunua ardhi ya Sh. 113/62.

Malipo ya mwisho, yale ya sitini, ni kinyume chake. Katika Sh. 380/90 za siku hiyo riba ni kama shilingi 12, na shilingi 369 zinakwenda kwenye deni. Pesa ni zile zile, lakini kazi zinayofanya si moja.

Twende mbele. Mkulima huyu amelipa miaka 10 bila kukosa hata mara moja. Ametoa Sh. 7,618. Deni lake ni shilingi ngapi? Ni Sh. 8,459. Amelipa miaka 15, nusu ya safari. Ametoa Sh. 11,427, ambazo ni zaidi ya zote alizokopa, na bado anadaiwa Sh. 7,230. Nusu ya deni haiishi mpaka katikati ya mwaka wa ishirini na mbili.

Hapo ndipo maneno huanza sokoni. Mtu anakwenda ofisini na mfuko wa risiti, amejumlisha mwenyewe, anajua amelipa zaidi ya elfu kumi na moja, na karani anamwambia bado elfu saba. Anarudi nyumbani akisema amekuliwa. Sisemi hakuna karani mwizi duniani. Lakini mara nyingi katika jambo hili hakuna aliyekula kitu. Ni hesabu ya riba imekwenda kama ilivyopangwa tangu siku ya kwanza. Tatizo ni kwamba siku hiyo ya kwanza mkulima hakuonyeshwa.

Na hapa nitasema wazi maoni yangu, hata kama mabwana wa ofisi watakunja uso. Anayemkopesha mkulima pesa za miaka thelathini ana wajibu wa kumpa karatasi moja yenye mistari sitini: tarehe, malipo, riba ndani yake, kilichokwenda kwenye deni, na deni lililobaki. Ni ukurasa mmoja, na mashine ya kupigia hesabu huutoa kwa dakika chache. Kumpa mtu barua yenye bei ya ploti na kiasi cha kila nusu mwaka bila karatasi hiyo ni sawa na kumwuzia ng'ombe usiku. Mkulima naye asitie sahihi mpaka aione. Aombe kwa adabu, na akiambiwa haipo aombe tena.

Sasa kuna atakayeuliza: Basi miaka thelathini ni mibaya? Si mibaya. Mkulima mpya aliingia kwenye ploti bila ng'ombe wa maziwa, bila zizi, wengine wakilala kwenye kibanda cha mabati mwaka wa kwanza wote. Angeambiwa alipe kwa miaka 15, kila nusu mwaka angetakiwa Sh. 526/82, na pengine angeshindwa kabla mahindi hayajakomaa. Ploti ndogo zilipimwa ili familia ipate chakula, ilipe deni, na ibaki na pauni 25 mpaka 70 hivi kwa mwaka za mahitaji mengine. Pauni 25 ni Sh. 500 za wakati ule. Katika Sh. 500 huwezi kumkamua mtu sana. Muda mrefu ulimpa nafasi ya kupumua.

Lakini linganisha. Kwa miaka 15 jumla yote ingekuwa Sh. 15,804. Kwa miaka 30 ni Sh. 22,854. Tofauti yake ni zaidi ya Sh. 7,000, na tofauti ya malipo ya kila nusu mwaka ni Sh. 146 tu. Kwa hivyo ushauri wangu ni huu: kubali muda mrefu kwenye karatasi, maana mvua haiahidi, lakini mwaka ukiwa mzuri lipa zaidi ya ulivyoandikiwa, na uanze mapema.

Neno "mapema" ndilo kubwa. Fikiria siku ile ya malipo ya kwanza. Umeleta Sh. 380/90. Tuseme una shilingi nyingine 57 na senti 72 mfukoni, na unazilipa siku hiyo hiyo kupunguza deni. Shilingi hizo ndizo ambazo malipo ya pili yangepunguza. Umeruka mstari mmoja katika ile karatasi ya mistari sitini. Maana yake ni kwamba ukiendelea kulipa kama kawaida utamaliza katika malipo ya 59, na yale ya sitini, Sh. 380/90 nzima, hutayalipa kamwe. Umenunua Sh. 380/90 kwa Sh. 57/72. Fanya jambo hilo hilo katika mwaka wa ishirini na tisa na utakuta faida yake ni ya shilingi chache tu.

Kila mkulima ajua habari hii kwa njia nyingine. Magugu yakiwa na majani mawili, mama na mtoto humaliza kupalilia kipande chao kwa siku moja. Yakifika kiunoni, utaajiri watu watano kwa wiki nzima, na mahindi yamekwisha kuwa ya manjano.

Chukua mfano mwingine, wa mtu mwenye ng'ombe wawili wazuri. Badala ya Sh. 380/90 anaamua kulipa Sh. 450 kila nusu mwaka tangu mwanzo. Ameongeza Sh. 69/10, ambazo ni kama shilingi 11 na nusu kwa mwezi. Deni lake litakwisha kwa miaka 20 na shilingi kidogo za kumalizia, badala ya miaka 30. Jumla atakayolipa ni kama Sh. 18,020. Ameokoa zaidi ya Sh. 4,800, na ameokoa miaka kumi ambayo maziwa yake yote ni yake.

Ila uangalie jambo moja kabla ya kufanya hivyo. Uliza kwanza kama mkataba wako wakubali kulipa zaidi bila faini. Kisha siku ya kulipa mwambie karani aandike kwenye risiti kwamba pesa za ziada ni za kupunguza deni lenyewe. Asipoandika, huenda zikawekwa kama malipo ya mbele ya nusu mwaka ujao. Hapo pesa zako zimelala tu mpaka tarehe ifike, na riba imeendelea kula kama kawaida.

Nimesema habari ya wanaolipa zaidi. Sasa niseme ya wasiolipa, maana hao ni wengi, na malimbikizo yalianza kuonekana kabla hata miaka ya sitini haijaisha. Katika skimu nyingi chama cha ushirika kilikata pesa za mkopo kutoka katika malipo ya maziwa au ya pareto. Wako waliokasirika wakaona wanakatwa sana, wakaanza kupitisha maziwa kwa mlango wa nyuma, kwa wachuuzi wa barabarani waliolipa taslimu. Siku hiyo mtu alijiona mjanja. Hesabu haikumwona mjanja.

Tuseme yule mkulima wetu wa Sh. 10,000 hakulipa kitu miaka miwili ya kwanza, na mkataba wasema riba isiyolipwa inaongezwa juu ya deni, kama mikataba mingi inavyosema. Mwisho wa mwaka wa pili deni lake ni Sh. 11,364/76. Anaona haya, anaanza kulipa Sh. 380/90 kama alivyoandikiwa. Riba ya nusu mwaka ya deni hilo ni Sh. 369/35. Katika pesa alizoleta, shilingi 11 na senti 55 ndizo zilizopunguza deni.

Kama alikosa miaka mitatu, mambo ni mabaya zaidi. Deni limefika Sh. 12,115, na riba yake ya nusu mwaka ni Sh. 393/75. Analeta 380/90 yote, bila kukosa senti, na deni linapanda! Anaweza kulipa namna hiyo miaka mia na asimalize. Atalipa yeye, atalipa mtoto wake, na wote wawili watasema kwa haki kabisa kwamba wanalipa. Mkulima aliye katika hali hiyo hasaidiwi na kuambiwa "endelea tu kulipa." Lazima aende ofisini aombe deni lipangwe upya, au atafute njia ya kulipa malimbikizo kwa mkupuo mmoja, hata kwa kuuza fahali. Na ikiwa Serikali imetangaza nafuu yo yote ya riba kwa skimu yake, aulize, na akipewa jibu alichukue kwa maandishi.

Juu ya mkopo wa maendeleo sina maneno mengi. Ni wa miaka 10, kwa hivyo riba yake haipati nafasi ya kunenepa: Sh. 2,000 zilikuwa Sh. 137/56 kila nusu mwaka, na jumla Sh. 2,751. Hatari yake ni nyingine. Ardhi haifi, lakini ng'ombe hufa. Ng'ombe wa gredi aliyenunuliwa kwa mkopo akikosa josho na kufa kwa ndigana, deni lake linabaki zizini likila kila nusu mwaka bila kukamuliwa. Mwenye mkopo wa ng'ombe asikose siku ya josho.

Sasa nifike kwenye hoja ambayo wazee wengi huitoa, na si hoja ya kijinga. Husema hivi: "Pesa hupoteza nguvu. Aliyelipa upesi alilipa kwa shilingi nzito, aliyengoja alilipa kwa shilingi nyepesi. Nani mjinga?" Ni kweli. Shilingi ya Kenya ilipoanza mwaka wa 1966, dola moja ya Marekani ilikuwa shilingi saba na senti. Mwisho wa 1993 dola hiyo ilikuwa zaidi ya shilingi 60, na katika mwaka huo bei za vitu zilipanda kwa zaidi ya 40 kwa mia. Mkulima aliyetia sahihi mwaka wa 1963 na kulipa bila kukosa, malipo yake ya mwisho mwaka wa 1993 yalikuwa bado Sh. 380/90, ambazo kwa wakati huo hazikuwa kitu kikubwa tena. Riba ya 6½ ilikuwa ndogo kuliko kupanda kwa bei. Kwa hesabu hiyo peke yake, muda mrefu ulimfaa.

Lakini tazama nani aliyefaidika. Ni yule aliyekuwa akilipa kila nusu mwaka. Aliyekuwa hajalipa, riba ilipanda juu ya riba, na shilingi kuwa nyepesi hakukumpa kitu ambacho mwenzake hakukipata. Tena mnamo 1963 hakuna aliyejua shilingi itakwenda wapi. Katika miaka ile ya kwanza bei hazikupanda sana, na ndiyo miaka ambayo watu wengi walishindwa. Kupanga deni lako kwa kutumaini pesa ya nchi iharibike ni kama kupanda mahindi kwa kutumaini shamba la jirani liliwe na viwavi.

Halafu kuna jambo ambalo halimo katika shilingi. Mpaka deni liishe, shamba limo katika rehani, na jina la mwenye kudai limeandikwa pamoja na lako kwenye daftari la ardhi. Wako wazee waliokaa kwenye ploti maisha yao yote, wakazaa, wakajenga nyumba ya mawe, wakafa bila hati. Watoto wakitaka kugawana wanakuta hawawezi kugawanya kitu ambacho baba hakukimaliza. Deni ambalo baba angelimaliza kwa bei ya ndama linazuia ekari kumi na tano, na ndugu wanafikishana kwa chifu, kisha kortini. Wakili peke yake atakula zaidi ya deni. Gharama hiyo nayo ni bei ya mkopo, ingawa hakuna karani aliyeiandika.

Kwa wale mliokwisha kupata hati, msidhani makala hii si yenu. Hati ikiisha kutoka, siku hizi hupelekwa benki. Mikopo ya benki haifanani na ile ya 6½ kwa mia. Tuseme unakopa Sh. 1,000,000 kwa miaka 20, riba 14 kwa mia, malipo kila mwezi. Kila mwezi utalipa kama Sh. 12,435. Mwezi wa kwanza, katika pesa hizo, Sh. 11,667 ni riba na Sh. 768 ni za kupunguza deni. Baada ya miaka kumi umelipa karibu 1,492,000 na bado unadaiwa kama 801,000. Mwisho wa miaka ishirini umelipa karibu Sh. 2,984,000. Mkopo huo huo ukiulipa kwa miaka kumi ni kama Sh. 15,527 kwa mwezi, na jumla Sh. 1,863,000. Kwa Sh. 3,100 zaidi kila mwezi umeokoa zaidi ya Sh. 1,100,000. Na riba nyingi za benki zinaweza kubadilishwa njiani. Ile ya 1962 haikubadilika, basi msizoee.

Kuna na mtego mmoja mdogo unaokamata watu wengi. Ukiambiwa riba ni 12 kwa mia, uliza: ni 12 kwa mia ya deni linalobaki, au ya mkopo wote tangu mwanzo mpaka mwisho? Sh. 100,000 kwa miaka miwili kwa njia hii ya pili ni Sh. 24,000 za riba, hata katika ile miezi ya mwisho ambapo unadaiwa elfu tano tu. Ukiigeuza kuwa riba ya deni linalobaki, inakuwa zaidi ya 21 kwa mia. Namba iliyobandikwa ukutani ni 12.

Neno kwa akina mama, na kwa mabwana wasikie. Sheria ya Ardhi ya 2012 yasema kwamba nyumba ya ndoa haiwekwi rehani bila mwenzi wa ndoa kukubali. Watu wengine huifanya ruhusa hiyo kuwa jambo la kidole gumba: mama huitwa, huonyeshwa mahali, hubonyeza, hurudi jikoni. Mama, kabla ya kubonyeza uliza maswali mawili. Jumla yote ya kulipwa mpaka mwisho ni shilingi ngapi? Tukikosa mwaka mmoja, deni litakuwa shilingi ngapi? Kama hakuna awezaye kujibu hapo hapo, hakuna haraka ya kubonyeza. Na risiti zote zikae mahali ambapo nyote wawili mnapajua.

Na kwa wale mnaokaribia kumaliza, jambo la mwisho la kazi. Ukilipa malipo ya mwisho, deni limekwisha lakini rehani bado imeandikwa kwenye daftari. Haijifuti. Dai taarifa ya maandishi kwamba hesabu yako ni sufuri, kisha dai hati ya kuondoa rehani, uipeleke mwenyewe katika ofisi ya ardhi iandikishwe. Baadaye omba nakala ya ukurasa wa daftari uone kwa macho yako kama mahali pale pa rehani pamefutwa. Wako waliomaliza deni lao zamani sana ambao ukurasa wao bado unasema wanadaiwa, kwa sababu siku ile walipewa risiti, wakafurahi, wakaenda nyumbani kuchinja mbuzi.